Mdogo wangu yuko mahabusu na mama yuko mahututi: je, anaweza kuruhusiwa kuja kumwona?

*"Mdogo wangu wa kiume yuko mahabusu mwezi wa saba sasa kwa kesi ya kumwibia mwajiri wake. Mwanzoni alikuwa nje kwa dhamana, lakini alikosa kufika mahakamani mara mbili, dhamana ikafutwa. Mama yetu ana saratani ya ini, imeshasambaa, na daktari ametuambia tuhesabu wiki, si miezi. Kila siku anamuulizia. Sisi tumemwambia yuko safari ya kikazi. Nilikwenda gerezani kuomba aruhusiwe aje hata siku moja, wakaniambia niende mahakamani. Karani wa mahakama akaniambia hilo ni suala la gereza. Kuna mtu anasema anaweza kulishughulikia tukimpa hela. Wengine wananiambia mahabusu hana ruhusa ya namna hiyo, ni kwa wafungwa wanaokaribia kumaliza tu. Mdogo wangu mwenyewe hajui kama mama amefikia hali hii; tunaogopa atajidhuru huko ndani. Je, ana haki ya kuja kumwona mama? Mimi ni dada yake mkubwa. Nianzie wapi?"*

Dada, pole sana. Muda ulionao ni mfupi, kwa hiyo nianze na jibu lenyewe. Ndiyo, mahabusu anaweza kuruhusiwa kwenda kumwona mzazi aliye mahututi, na hutokea hata kwa mtu ambaye dhamana yake imefutwa. Lakini mdogo wako hawezi kuidai ruhusa hiyo kama anavyodai deni. Hutolewa na mwenye mamlaka baada ya kupima mambo, na kazi yako wewe ni kumwezesha mtu huyo aseme ndiyo bila kuogopa kuulizwa kesho yake. Maombi mengi ninayoyaona yakikwama hayakwami kwa sababu anayeamua hana utu. Yameombwa kwa mdomo, kwa mtu asiyehusika, bila karatasi ya daktari yenye maana, na yameomba makubwa kuliko yanayowezekana.

Sasa hapo walipokuzungusha. Kila mtu aliye gerezani yumo humo kwa nguvu ya karatasi fulani, na jambo la kwanza kujua ni nani aliyeisaini. Mfungwa amekwisha kuhukumiwa; mahakama imemaliza kazi yake, na anayesimamia kifungo chake ni idara ya magereza. Mahabusu bado ana kesi. Kila kesi inapoahirishwa, hakimu husaini hati inayomwagiza mkuu wa gereza amtunze mtu huyu na kumleta tarehe fulani. Mkuu wa gereza hana uwezo wa kuifupisha amri hiyo kwa huruma yake. Akimwachia mahabusu atoke mwenyewe hata kwa saa mbili, amevunja amri ya mahakama.

Kwa hiyo waliokuambia uende mahakamani hawakukudanganya. Ila hawakukuambia nusu ya pili, kwamba hakimu akikubali, gereza ndilo litakalotoa askari na gari, na ndilo litakaloulizwa kama lina uwezo wa kumpeleka na kumrudisha salama. Na karani naye, kwa heshima zote, si hakimu. Kazi yake ni kupokea nyaraka na kuzifikisha mezani. Ulikwenda mikono mitupu, naye akakujibu kwa mdomo kama ulivyomwuliza. Hiyo haihesabiki kuwa ombi lenu limekataliwa. Mpaka sasa hakuna mtu yeyote mwenye mamlaka aliyekataa, kwa sababu hakuna aliyeombwa.

Mgawanyo huu upo katika sheria za nchi nyingi, ingawa kila nchi ina namna yake. Italia, sheria ya magereza ya 1975 inasema wazi kwamba maisha ya mwanafamilia yakiwa hatarini, aliyehukumiwa huomba kwa hakimu anayesimamia vifungo, na ambaye bado anashtakiwa huomba kwa mahakama inayosikiliza kesi yake. Marekani, kwa kesi za shirikisho, jaji anaweza kumtoa kwa muda mtu ambaye hajahukumiwa, chini ya uangalizi wa mtu anayefaa, kukiwa na sababu nzito. Kwa waliokwisha kuhukumiwa, ni idara ya magereza inayoweza kutoa likizo ya kumtembelea ndugu anayekaribia kufa, isiyozidi siku 30. Vilevile zipo nchi ambako mkuu wa gereza anaweza kumtoa hata mahabusu akiwa na askari, kwa hoja kwamba mtu huyo bado yuko mikononi mwa gereza, kama anavyopelekwa hospitali akiugua. Kwa sababu hiyo nakushauri usichague mlango mmoja. Ombi liende kwa hakimu mwenye kesi, nakala kwa mkuu wa gereza, nakala kwa mwendesha mashtaka, yote siku moja. Atakayesema "si kwangu" atakuwa anaona kwenye karatasi kwamba mwenzake pia ameshapelekewa.

Hao wanaokuambia ruhusa hii ni ya wafungwa wanaokaribia kumaliza wanachanganya vitu viwili. Ipo likizo ya kumzoesha mfungwa maisha ya nje kabla hajaachiwa, na hiyo kweli huangalia kifungo kilichobaki. Ruhusa ya dharura ya kifamilia msingi wake ni mwingine kabisa. Kanuni za Umoja wa Mataifa kuhusu wafungwa za mwaka 1955 tayari zilisema kwamba ndugu wa karibu akiwa mahututi, mfungwa aruhusiwe kwenda kando ya kitanda chake, peke yake au akisindikizwa, kila hali inaporuhusu. Zilipofanyiwa marekebisho Desemba 2015 na kupewa jina la Kanuni za Nelson Mandela, jambo hilo lilibaki, sasa katika Kanuni ya 70, na halikuwekewa sharti la muda uliobaki wa kifungo. Kanuni hizo si sheria ya kumshtaki mtu, lakini mahakimu wengi wanazijua na wakili mzuri atazitaja.

Tena kuwa mahabusu kunampa mdogo wako hoja moja ambayo mfungwa hana: kisheria bado hana hatia. Ipo kesi inayofanana kidogo na yenu, Płoski dhidi ya Poland, iliyoamuliwa na Mahakama ya Haki za Binadamu ya Ulaya mwaka 2002. Mtu alikuwa mahabusu kwa tuhuma za wizi, wazazi wake wakafariki kwa kufuatana ndani ya muda mfupi, akanyimwa kwenda kuwazika wote wawili. Sababu waliyotoa ni kwamba ana historia ya makosa na hapakuwa na uhakika wa kurudi. Mahakama ilisema hofu hiyo ingeweza kuondolewa kwa kumpeleka chini ya ulinzi, na wahusika hawakulifikiria hata hilo. Hukumu hiyo haizibani nchi zilizo nje ya Baraza la Ulaya, yaani umoja wa nchi za Ulaya wenye mahakama hiyo, lakini hoja iliyomo inaeleweka kwa hakimu wa mahali popote: ukiogopa atatoroka, kwanza jiulize kama askari wawili hawatoshi.

Msichanganye pia ruhusa hii na dhamana. Dhamana humweka mtu nje mpaka kesi iishe, kwa ahadi na wadhamini. Ruhusa ya muda ni ya saa au siku chache, ina sababu moja, na ikiisha anarudi alikotoka. Nasisitiza kwa sababu familia nyingi zikisikia "mama ni mgonjwa" hukimbilia kuomba dhamana upya, hakimu anaangalia faili, anaona ile ile sababu iliyoifuta, anakataa. Wanatoka wakiamini wameshajaribu kila kitu. Mnaweza kuomba dhamana iangaliwe upya kwa kuwa hali imebadilika, na wakili wenu atawaambia kama kuna nafasi, lakini kwa mtu aliyekosa kufika mara mbili mimi nisingeiweka hiyo mbele. Na kuna nchi, Tanzania ikiwamo, ambako yapo makosa yasiyo na dhamana kabisa, kama mauaji na unyang'anyi wa kutumia silaha. Anayeshtakiwa kwa makosa ya aina hiyo hana la kuomba upande wa dhamana, ila bado anaweza kuomba apelekwe chini ya ulinzi, kwa sababu anayepelekwa na askari hajaachiwa.

Hapo ndipo nataka uelewe namna anayeamua anavyofikiri. Anajiuliza mambo machache. Ugonjwa ni wa kweli, na ni mkubwa kiasi gani? Huyu ndugu ni wa karibu kweli? Mtu huyu akitoka atarudi? Kuna shahidi au mlalamikaji atakayekutana naye huko? Na gereza lina watu wa kumsindikiza siku hiyo? Kwenu, la kwanza na la pili ni rahisi, kwani mama ni mama, na cheti cha kuzaliwa kinamaliza ubishi. (Wenye kazi zaidi ni wale wanaomuombea mtu akamwone bibi au shangazi aliyemlea, hao wathibitishe malezi kwa viapo na barua.) Tatizo lenu liko kwenye la tatu, na sitakuficha: kukosa kufika mahakamani mara mbili ndilo jambo litakalosemwa na upande wa mashtaka, pengine peke yake.

Msilikwepe. Ombi lisiloligusa litaonekana linaficha. Andikeni alikosa kufika kwa nini, na kama kuna ushahidi muuambatanishe. Semeni pia alikamatwaje baadaye, maana aliyejisalimisha mwenyewe polisi na aliyekutwa amejificha ni watu wawili tofauti mbele ya hakimu. Kama hakuwa na sababu ya maana, semeni hivyo kwa sentensi moja, kisha mweleze kwamba kwa sababu hiyo hiyo hamuombi aachwe, mnaomba apelekwe na askari na kurudishwa siku ile ile.

Huo ndio ushauri wangu mkubwa kwako: ombeni kidogo. Msiombe siku saba akae nyumbani. Ombeni ziara moja ya saa mbili au tatu, hospitalini au nyumbani mama alipolazwa, chini ya ulinzi wa askari magereza, siku yoyote ndani ya wiki ambayo gereza litaona inafaa. Ombi la aina hiyo linamwachia hakimu uamuzi mwepesi na linamwachia mkuu wa gereza kuchagua siku yenye watu. Najua saa mbili zinaonekana chache kwa mtoto na mama yake, lakini saa mbili zilizopatikana ni bora kuliko siku saba zilizokataliwa.

Sasa barua ya daktari, ambayo ndiyo uti wa mgongo wa jambo zima. Barua nyingi ninazoletewa zinasema "mgonjwa tajwa hapo juu yuko chini ya matibabu katika hospitali yetu". Hiyo haimsaidii mtu. Hata mwenye jino bovu yuko chini ya matibabu. Mwombe daktari anayemtibu mama aandike, kwa karatasi yenye kichwa cha hospitali, muhuri, jina lake, cheo na namba ya simu, kitu cha namna hii: "Mgonjwa ana saratani ya ini iliyosambaa. Matibabu ya kuponya hayawezekani tena. Anapewa huduma ya kupunguza maumivu. Kwa hali yake ya sasa hatarajiwi kuishi zaidi ya wiki chache. Leo ana fahamu na anaweza kuzungumza, lakini hali hiyo inaweza kubadilika wakati wowote. Hawezi kusafirishwa." Kila sentensi hapo inafunga swali. Ya kusafirishwa inazuia mtu kusema "basi mleteni mama gerezani siku ya kutembelea". Ya fahamu inaeleza kwa nini ni sasa, si baada ya kesi kutajwa tena mwezi ujao.

Hilo la fahamu, lizungumze na daktari ana kwa ana. Ini likishindwa kazi, sumu ambazo lingezichuja hubaki kwenye damu na kuathiri ubongo. Mgonjwa huanza kuchanganyikiwa, kulala mchana na kukesha usiku, kutotambua watu, na mwisho anaweza kuzama kabisa. Mwulize daktari dalili hizo zimeanza au bado, na anadhani ni lini mama atakuwa katika hali nzuri ya kuongea. Mtu anaweza kubaki hai kwa siku kadhaa baada ya mazungumzo kuwa hayawezekani tena. Tarehe mnayokimbizana nayo ni ile ya mazungumzo.

Na barua ikipitisha wiki moja kabla ombi halijasikilizwa, tafuta nyingine mpya. Mwendesha mashtaka akiona tarehe ya zamani atauliza hali ya leo ikoje, na kesi itaahirishwa kwa ajili ya jibu ambalo wewe ungeweza kuwa nalo mkononi.

Ombi lenyewe linatakiwa liambatane na hati ya kiapo. Wewe kama dada mkubwa unaweza kuapa: wewe ni nani, mama ana nini, unajuaje, mdogo wako ana kesi namba ngapi, mnaomba nini hasa. Liwekwe chini ya hati ya dharura, ambayo kazi yake ni kulitoa ombi kwenye foleni ya kawaida na kulifikisha kwa hakimu mapema. Kama hakimu mwenye kesi yuko likizo, uliza nani anashughulikia mambo ya dharura; kwa kawaida yupo.

Mahali ambapo familia inaweza kufanya tofauti kubwa bila kujua sheria ni kwenye mpango wa ziara. Fikiria kama askari atakayeongoza msafara. Wodi iko ghorofa ya ngapi? Ina milango mingapi? Saa ngapi hospitali imetulia, watu wa kutembelea wagonjwa hawajajaa? Kuna mlango wa pembeni wa kuingilia ili mdogo wako asipitishwe katikati ya umati? Nani watakuwepo chumbani? Hapa muwe wakali na ndugu: watu watatu wanatosha. Ukoo mzima ukijaa kwenye korido, askari wana haki ya kugeuza gari. Nenda kazungumze na muuguzi mkuu wa wodi kabla, aandike barua fupi kwamba hospitali inajua na imekubali, kisha uweke yote hayo kwenye ukurasa mmoja na kuambatanisha. Nimeona mkuu wa gereza akilainika kwa ukurasa kama huo kuliko kwa hoja za sheria.

Kuhusu gharama, ulizeni mapema na ulizeni kwa maandishi. Ziko nchi ambako familia hutakiwa kuchangia kihalali. Marekani, kwa mfano, kwenye magereza ya shirikisho, gharama za kumsindikiza mtu kwa sababu za kifamilia ni za mfungwa na watu wake, isipokuwa mishahara ya askari kwa saa 8 za kwanza za kila siku. Gharama halali ina barua na ina risiti. Huyo mtu anayesema "nitalishughulikia" hana vyote viwili, na naomba umwepuke kabisa. Mahabusu akitolewa kwa njia ya panya, mbele ya sheria hana ruhusa, ametoroka. Kesi ya wizi itaongezewa ya kutoroka, wewe utaongezewa ya rushwa, na mama atabaki bila mtoto wa kiume wala wa kike kando yake. Hata kama jamaa huyo anadai hela ni ya "kuharakisha" tu, ombi halali lililoguswa na rushwa likigundulika hufungwa mlango.

Sasa mdogo wako. Umesema hajui, na mnaogopa atajidhuru. Hofu yako ni ya haki, lakini ushauri wangu ni aambiwe, na aambiwe wiki hii. Yeye ndiye muombaji. Hakimu anaweza kumgeukia kizimbani na kumwuliza kuhusu mama yake, na hapo si mahali pa kusikia habari hizo mara ya kwanza. Kanuni ile ile ya 70 inasema uongozi wa gereza umjulishe mfungwa mara moja ndugu yake wa karibu anapougua sana au kufariki. Watungaji wake walijua kwamba kufichwa kuna madhara yake: anayekuja kugundua baadaye kwamba watu wote walijua isipokuwa yeye huumia mara mbili.

Ila asiambiwe kwa simu ya dakika mbili. Nenda wewe mwenyewe, siku ya kutembelea. Kabla hujaonana naye, omba kuzungumza na ofisa ustawi wa jamii wa gereza, au padri, mchungaji au imamu anayehudumu pale, umweleze unachokwenda kusema na unachokihofia. Waombe wamwangalie siku zitakazofuata, asilale peke yake. Kama aliwahi kujaribu kujidhuru, au ameanza kugawa vitu vyake na kuzungumza kama anayeaga, sema hivyo waziwazi, na omba aonwe na mtu wa afya ya akili siku hiyo hiyo. Ukimwambia habari za mama, mwambie na kinachofanyika: ombi limeandikwa, linakwenda wapi, yeye anatakiwa kufanya nini. Mtu aliyefungiwa anahitaji sana kuwa na kazi ya kufanya, na kazi anayo. Aandike kwa mkono wake barua fupi ya kuahidi kurudi na kutii askari, iambatanishwe.

Mama naye mmemwambia mtoto yuko safari. Ombi likikubaliwa, mtoto ataingia chumbani na askari, pengine na pingu. Safari hiyo haitafichika. Si kazi yangu kukuamulia mumwambie nini, ninyi mnamjua. Ninachoweza kusema ni kwamba ziara niliyoiona ikiharibika kabisa ni ile ambayo mgonjwa alishtuka, akatumia muda wote kuuliza "umefanya nini?", na saa zikaisha. Mzungumze naye mapema, pamoja na muuguzi au daktari anayempa huduma za kupunguza maumivu. Wengi wao wana uzoefu wa mazungumzo kama haya. Inawezekana kabisa mama anajua zaidi ya mnavyodhani.

Kuhusu pingu na sare, ombeni ndani ya ombi lile lile avae nguo za kawaida na pingu zifunguliwe au zifichwe akiwa kando ya kitanda, askari akiwa mlangoni. Kanuni za Mandela zinaruhusu mtu anayetolewa nje kwa sababu halali avae nguo zake au nguo zisizovutia macho, na zinataka wanaosafirishwa waonekane na umma kwa kadiri ndogo iwezekanavyo. Si jambo dogo. Katika kesi nyingine ya Poland, Giszczak, ya mwaka 2011, mfungwa alikataliwa kwenda kumwona binti yake aliyekuwa chumba cha wagonjwa mahututi. Binti alipofariki, mfungwa alielewa kwamba mazishini atapelekwa kwa sare za gereza na minyororo, akaona bora asiende. Mahakama ilikuta haki yake ya maisha ya familia imevunjwa, kwa kukataliwa hospitalini na kwa namna jibu la mazishi lilivyochelewa na kutoeleweka.

Itakuwaje hakimu akikataa? Ombeni sababu kwa maandishi, siku hiyo hiyo. Sababu ikiwa ni "hakuna ushahidi wa kutosha wa hali ya mgonjwa" au "gereza halina gari Jumanne", hizo zinatibika na mnaweza kurudi na ombi jipya. Ikiwa ni hatari ya kutoroka, wakili aangalie rufaa au mapitio mahakama ya juu, lakini mkubaliane kwa ukweli kama muda unatosha. Na msisubiri kukataliwa ndipo mwombe mbadala. Ndani ya ombi la kwanza andikeni kwamba ikishindikana kabisa kumpeleka, mahakama iagize apewe simu ya video na mama, muda wa kutosha, kwa lugha yao ya nyumbani. Mwaka 2007, katika kesi ya Lind dhidi ya Urusi, mahakama ile ile ya Ulaya ilielewa kwa nini mtu aliyekuwa mahabusu hakuachiwa kwenda nchi nyingine kwa baba yake aliyekuwa anakufa. Lakini alipewa simu iliyokatwa baada ya dakika moja, na kwa lugha iliyomsumbua baba. Mahakama ilisema huko si kuagana, na haki yake imevunjwa. Simu ya video si sawa na mkono wa mama, lakini kwa mgonjwa wa ini inaweza kupatikana kesho wakati ziara inapatikana wiki ijayo. Mimi ningeiomba gereza leo hii, kwa barua ya kawaida, bila kusubiri mahakama, na ningeendelea na ombi la ziara vilevile.

Kuna uamuzi mmoja mgumu nataka mkae kama familia muujadili. Mamlaka nyingi husita kumtoa mtu mara mbili ndani ya muda mfupi, na anayepelekwa kumwona mgonjwa anaweza kukataliwa kwenda mazishini. Wapo wanaoamua kungoja mazishi kwa sababu ya heshima ya ukoo na mila. Ninaheshimu hilo. Kama ni mimi ninayeulizwa, ningechagua kitanda kuliko kaburi, kwa sababu mama yako anamuulizia sasa.

Mdogo wako akipewa ruhusa, hasa kama itatokea akaruhusiwa bila askari, saa ya kurudi ni sheria. Italia, anayechelewa zaidi ya saa 3 bila sababu ya maana hupewa adhabu ya kinidhamu, na akipitisha saa 12 anahesabika ametoroka. Nchi nyingine hazina hata huo uvumilivu. Gari likiharibika njiani, pigeni simu gerezani pale pale na mwandike jina la aliyepokea.

Haya yote niliyoandika hayachukui nafasi ya mtu wa kukaa naye mezani na faili la kesi mbele yenu. Kama mdogo wako ana wakili, mpigie leo. Ombi kama hili wakili aliyezoea anaweza kuliandaa kwa siku moja. Kama hana, nenda ofisi ya msaada wa kisheria iliyo karibu au chama cha mawakili uombe wakili wa kujitolea, na useme neno "dharura" mlangoni kabisa, kabla ya kuanza kusimulia. Tafuta mtu ana kwa ana bila kukawia kama mdogo wako anashikiliwa kwa amri nyingine zaidi ya kesi hii, kwa sababu ruhusa ya hakimu mmoja haiigusi amri ya mwingine. Fanya hivyo pia kama mlalamikaji au mashahidi wanaishi karibu na alipo mama.

Na mama akitangulia kabla ombi halijasikilizwa, usilifute. Rudi na namba ile ile ya ombi, na kibali cha mazishi au karatasi ya hospitali ya kuthibitisha kifo, na kiapo kifupi cha nyongeza, uombe saa zile zile za ziara ziwe za mazishi. Mpigie mkuu wa gereza siku hiyo hiyo. Na ndugu wasitangaze saa ya kuzika kabla hujajua ni saa ngapi askari wanaweza kumfikisha.